Baba wa Drusilla

Shemeji yangu Joash Mogire alikuwa mtu wa kutii. Akiambiwa njia imefungwa, hakuuliza nani ameifunga wala kwa nini. Aligeuka akarudi alikotoka. Tangu alipomwoa dada yangu Bitutu nilimtania kwamba hata siku ya kufa atangoja kwanza ruhusa kutoka ofisini Kisii. Alicheka tu, kwani shemeji hutaniwa. Mimi ni Abigael, muuza vitambaa hapa sokoni Ekerenyo, na ulimi wangu unajulikana kuanzia hapa hadi Nyamira. Haya nayasimulia kwa hasira, na sitamwomba mtu radhi kwa hasira hiyo.

Mogire aliajiriwa na serikali upande wa mifugo. Cheo chake kilikuwa msaidizi tu, lakini watu walimwita daktari, naye hakuwakataza kwa nguvu sana. Alisimamia josho la hapa kwetu, lile tunaloliita dipu: shimo refu la saruji lenye maji ya dawa ya kupe. Ng'ombe anatumbukizwa upande huu, anaogelea huku ametoa macho, anatokea upande ule akijitikisa na kuwalowesha wote waliosimama karibu. Kando yake palikuwa na stoo ya mabati ya kuwekea mapipa ya dawa, na ufunguo wa stoo ulining'inia kwenye msumari nyumbani kwa Mogire. Alivaa kaki zilizopigwa pasi hata siku za matope. Aliipenda kazi ile mno, na ukimkuta anasimulia habari za ndama aliyemwokoa, ilibidi ukae chini maana hangemaliza upesi.

Mtoto wao wa kwanza alikuwa Drusilla, msichana mkubwa tayari, aliyekaribia umri wa kuolewa. Mguu wake mmoja ulidhoofika kwa ugonjwa akiwa mdogo, shule ikawa mbali, akaiacha kabla hajaizoea. Kwa hiyo Kiswahili chake kilikuwa cha kuokota barabarani. Nyumbani na kanisani aliongea Ekegusii, na kwa Ekegusii aliweza kukuchekesha mpaka ukashika mbavu.

Sasa lile jambo lenyewe. Mwaka wa 1967, wakati wa mvua za masika, siku ya dipu, Mogire aliamshwa alfajiri akaitwa kwa mjane mmoja, Nyamoita, huko juu mlimani. Ng'ombe wa Nyamoita alikuwa ameshindwa kuzaa, ndama amekaa vibaya tumboni. Mogire aliondoka akidhani atarudi mapema. Jua likapanda, watu wakajaa na ng'ombe wao, wakaanza kupiga kelele kwamba wana chai ya kuchuma na daktari wao amelala. Bitutu, akiwa na mtoto wa kunyonya mgongoni, aliona mumewe anaaibishwa. Akautoa ufunguo kwenye msumari, akafungua stoo, akamwaga dawa ndani ya maji kama alivyomwona Mogire akifanya siku zote. Drusilla alimshikia ndoo. Alichokuwa hakijui dada yangu ni kwamba Mogire alikwisha kuiongeza dawa jioni ya jana yake.

Ng'ombe wa kienyeji wengi walipona. Waliokufa walikuwa wa gredi, wale wa mabaka meusi na meupe, mali ya mzee mmoja tajiri wa ng'ambo ya mto. Walitembea kidogo, wakaanza kutetemeka, wakaanguka hapo hapo kwenye majani wakitokwa na povu. Mzee yule alisimama katikati ya mizoga akaapa kwamba aliyewaua ataozea jela.

Waliokuwepo wote waliona nani aliyemwaga dawa. Lakini ofisi ilipomtuma mkaguzi, hakuna hata mmoja aliyeona kitu. Mwingine alikuwa anafunga kamba, mwingine alikuwa ameinama, mwingine macho yalimwasha. Hakuna mtu wa kwetu ambaye angemtaja mke wa mtu, tena mwenye mtoto mgongoni, mbele ya mgeni mwenye kalamu. Mkaguzi huyo alitoka mbali, mtu wa pwani, Kiswahili chake kimenyooka, na hakuwa mtu mbaya. Alichoka kuuliza watu wasioona, akaenda nyumbani kwa Mogire. Mogire na Bitutu hawakuwepo. Alimkuta Drusilla akimenya ndizi.

Akamwuliza, "Binti, siku ile nani alifungua stoo akatia dawa?"

Drusilla aliogopa. Alikuwa hajawahi kuulizwa swali na mtu aliyevaa tai. Akajibu neno moja, "Baba."

"Baba? Una hakika ni baba?"

"Ee. Ni baba."

Mkaguzi akaandika, akamshika kidole akakichovya wino, akakibandika chini ya maandishi.

Ewe unayenisoma, huenda wewe si wa kwetu, kwa hiyo ngoja nikueleze. Katika Ekegusii, mtoto humwita mama yake baba. Yule mwingine, mwenye kofia na fimbo, ni tata. Ndivyo tulivyozaliwa tukakuta, na kila mtoto wa kwetu anayeanza shule huchekwa mpaka anajifunza kwamba huko kwa Waswahili mambo yamegeuzwa. Drusilla hakukaa shuleni akachekwa vya kutosha. Mkaguzi aliuliza kwa Kiswahili, yeye akajibu kwa hofu, na mtu anapoogopa hurudi kwenye lugha ya nyumbani. Alisema kweli tupu, na kweli hiyo ikaandikwa kuwa uongo bila mtu yeyote kukusudia.

Jioni alitusimulia kilichotokea. Bitutu alishika kichwa. Akasema atakwenda Kisii kesho yake aseme ni yeye.

Mogire akamwambia, "Hutaenda. Sikiliza. Mimi nikikosea ni kosa la kazini, litaamuliwa na ofisi. Watanigombeza, watanihamisha, basi. Wewe si mwajiriwa. Wewe umefungua stoo ya serikali ukatia sumu kwenye maji. Hilo ni la polisi, na yule mzee anangoja tu jina. Huyo mtoto utamnyonyeshea jela?"

"Lakini wewe hukuwepo!"

"Ni mwezi mmoja tu, Bitutu. Nitanyamaza mwezi mmoja."

Hapo ndipo alipokosea, na ni kosa ambalo asingelifanya mtu asiyeiamini serikali. Yeye aliiamini. Alidhani ikisema itachunguza, itachunguza.

Barua ya kumsimamisha kazi ilikuja upesi, maana barua za namna hiyo hazipotei njiani. Ilisema kwamba amesimamishwa bila mshahara mpaka shauri lake lisikilizwe. Ilisema binti yake mwenyewe ametoa ushahidi. Tena ikasema kwamba yeye bado ni mtumishi wa serikali, kwa hiyo haruhusiwi kufanya kazi nyingine ya malipo, haruhusiwi kutoka nje ya wilaya bila kibali, na kila Jumatatu afike ofisi ya Nyamira aweke sahihi kuonyesha yupo. Mtu hafanyi kazi, na hajaachishwa kazi. Amesimamishwa kweli kweli, mfano wa mtoto wa shule aliyeambiwa asimame pembeni, kisha mwalimu akaenda nyumbani akamsahau.

Mwezi ukapita. Mwaka ukapita. Ukaja mwingine.

Kila Jumatatu Mogire alivaa kaki zake, akateremka Nyamira kwa miguu akiokoa nauli, akaweka sahihi, akauliza kama kuna habari. Karani alimjibu kwamba shauri linashughulikiwa. Aliandika kwa mkuu wa mkoa. Aliandika Nairobi. Aliandika kwa chama cha watumishi, nao wakajibu kwa huruma kwamba wao hawawezi kukata rufaa dhidi ya uamuzi ambao haujatolewa. Mara faili liko Kisii, mara liko Kisumu, mara mwenye kulishughulikia amehamishwa na mpya bado hajakabidhiwa meza.

Upande wa Itumbe walitafuta mtu wa kupima majani chai pale wakulima wanapoyaleta. Walimtaka Mogire kwa jina. Mimi mwenyewe nilimpelekea habari hiyo nikikimbia, shuka la kuuzia nguo bado liko begani. Akatikisa kichwa.

"Barua inanikataza, shemeji."

"Barua inakulisha?"

"Nikikamatwa nafanya kazi nyingine, watasema nimejifukuza mwenyewe. Ndicho wanachongoja."

Nilimwita mjinga mbele ya watoto wake. Baadaye wakili alituambia kwamba Mogire alikuwa sawa, kwamba wengi wamefukuzwa kwa njia hiyo hiyo. Lakini sawa hiyo haikuliwa. Watoto wadogo waliacha shule mmoja baada ya mwingine. Bitutu alilima mashamba ya watu, yeye mke wa daktari. Alikonda mpaka nguo nilizomshonea zikamwangukia mabegani. Hakuimba tena kanisani. Siku za Sabato alikaa kiti cha nyuma karibu na mlango, na watu wakisimama kutoa ushuhuda yeye alitazama chini.

Drusilla naye alichumbiwa na kijana wa Mosocho, mtulivu, aliyempenda na mguu wake. Wazazi wa kijana walikuja, wakanywa uji, wakauliza habari. Walipoondoka hawakurudi. Walituma neno kwamba hawawezi kuoa msichana aliyetoa ushahidi dhidi ya baba yake mzazi. Unaona jinsi kitu kilivyozunguka? Watu wa Mosocho ni Wagusii kama sisi, lakini wao walizisikia habari hizi mjini Kisii, kwa Kiswahili, na kwa Kiswahili ndivyo zilivyokuwa. Nani angewaeleza? Kuwaeleza ni kumtaja Bitutu. Drusilla hakulia. Aliendelea kumenya ndizi, na tangu siku hiyo hakunichekesha tena.

Mwaka wa 1971 nilimleta wakili. Jina lake Obwocha, kijana wa kwetu aliyesomea sheria, mwenye ofisi Kisumu, na alikuwa akija Kisii kwenye kesi. Nilimvizia nje ya mahakama nikamshika koti. Tukaketi kwenye hoteli ya chai, yeye, Mogire na mimi. Mogire alikuwa amebeba nakala ya ushahidi ambayo karani mmoja wa Nyamira alimpa kwa kumwonea huruma. Obwocha alisoma, akafika mahali fulani, akaweka kikombe chini akacheka mpaka watu wakageuka.

"Baba!" akasema. "Msichana asiyejua Kiswahili, wa Ekerenyo, akasema baba! Na hawa watu wakaandika baba! Bwana Mogire, nani katika Gusii nzima anamwita tata wake baba? Hii kesi imekwisha. Naileta mbele ya jaji yeyote na kamusi mkononi. Na siku hiyo ulikuwa wapi?"

"Kwa Nyamoita. Ng'ombe alikuwa anazaa."

"Nyamoita yuko hai?"

"Yuko."

"Basi tena! Wewe hukuwepo, na binti alimtaja ma..." Alikuwa mwepesi wa akili, na nilimwona cheko likimtoka usoni polepole. Akamtazama Mogire, Mogire akamtazama yeye.

"Nilikuja unisaidie wanijibu," Mogire akasema. "Sikuja unisaidie kumfunga mke wangu."

"Hata baada ya miaka hii yote?"

"Yule mzee bado yuko hai. Jana nimemwona sokoni, na bado anauliza."

Obwocha alivua miwani akaifuta. Kisha akaeleza njia zilizobaki. Kuna kushtaki kudai mishahara, lakini kwanza lazima Mkuu wa Sheria apelekewe ilani, na serikali itajitetea kwa ule ushahidi, na hapo tutarudi kwenye neno lile lile. Njia ya pili ni kwenda Mahakama Kuu kuomba amri. Si amri ya kumrudisha kazini. Ni amri ya kuilazimisha ofisi itimize wajibu wake: imsikilize na iamue, maana sheria haiwaruhusu kumwacha mtu amening'inia wapendavyo.

"Lakini nielewe vizuri," akasema. "Jaji anaweza kuwaambia waamue. Hawezi kuwaambia waamue nini. Ukiingia kule ndani huna cha kujitetea nacho isipokuwa kile unachokataa kukisema."

"Nitasema nilifanya kosa, sikukusudia. Wanisamehe au wanifukuze. Nataka jambo liishe."

Nilitaka kumpiga kwa kile kikombe. Pia nilitaka kumbusu mikono, maana aliyekuwa akimficha ni dada yangu. Vyote viwili nilivihisi kwa wakati mmoja na sikujua nishike kipi.

Kesi ikapangwa Kisumu. Kisumu ni nje ya wilaya. Kwa hiyo Mogire akaenda Nyamira kuomba kibali cha kusafiri. Karani akamwuliza anakwenda kufanya nini. Mogire, kwa vile ni Mogire, akajibu, "Kuwashtaki." Ofisi nzima iliangua kicheko. Kibali hakikutoka. Obwocha akamwambia aende tu, mahakama haiwezi kumwadhibu kwa kuja mahakamani. Mogire akakataa kata kata. Ikabidi wakili amwandikie hati ya kiapo Kisii, na aliyekwenda Kisumu kukaa kwenye benchi kwa niaba ya ukoo ni mimi, na kofia yangu ya kanisani.

Wakili wa serikali alisema kwamba ombi limeletwa mapema, kwani uchunguzi bado unaendelea. Jaji alimtazama juu ya miwani akamwuliza wanachunguza nini hasa, na kama ni mizoga ya ng'ombe hao, iko wapi. Watu wakacheka. Amri ikatoka: ofisi imsikilize Joash Mogire na kutoa uamuzi kabla ya mwezi kwisha. Nilirudi Ekerenyo nikipiga vigelegele kutoka kituo cha basi mpaka nyumbani kwao. Tulishinda. Miaka yote ile ofisi haikupata nafasi, sasa ikaipata kwa wiki mbili.

Wito ulipokuja ulimtaka Mogire na shahidi wa ofisi, yaani Drusilla.

Asubuhi ya kwenda Kisii nilimkuta Bitutu amevaa nguo yake ya Sabato ingawa ilikuwa siku ya kazi. Alikuwa amefunga blanketi moja, Biblia na sabuni kwa kamba.

"Hiyo ni ya nini?" nikamwuliza.

"Ya jela," akasema. "Nimesikia hawana blanketi."

Mtoto aliyekuwa mgongoni mwake siku ile alikuwa sasa anachunga mbuzi. Bitutu alimwita Drusilla, akamshika mabega mbele ya mumewe, akasema, "Leo watakuuliza tena. Watakuwa na mkalimani. Sema kweli. Sema ni mimi, na ueleze vizuri wasikosee. Mimi nimechoka, mwanangu. Nimekula miaka ya mtu."

Niligeuka kumtazama Mogire nikingoja amkataze. Hakumkataza. Alikuwa anafunga kamba za viatu, akaendelea kuzifunga. Kwa mara ya kwanza nilimwona amechoka kama sisi wengine, na nikajua kwamba leo atapata kazi yake na mimi nitampoteza dada yangu.

Kisii tulipelekwa kwenye chumba chenye meza ndefu. Wakili hakuruhusiwa kuingia. Ni shauri la ofisi, walisema, si mahakama. Walikuwa maafisa watatu, mkubwa wao ametoka Nairobi, mtu mnene mpole aliyekuwa akitazama saa. Mkalimani alikuwa kijana wa kwetu aitwaye Omwenga. Drusilla aliomba asiingie peke yake kwa sababu ya mguu, nikaruhusiwa kumshika mkono. Bitutu alibaki nje ukumbini na mzigo wake.

Afisa mkubwa akamsomea Drusilla maneno yake ya zamani. Omwenga aliposikia neno lile alishtuka, akainua uso. Akawaambia maafisa kwamba pana jambo la lugha hapa, na kwa heshima yao angependa kumwuliza shahidi upya. Wakamruhusu. Kijana yule alikuwa mwaminifu, Mungu ambariki. Akamgeukia Drusilla, akamwuliza kwa Ekegusii safi, taratibu, kama mtu anayemwongoza mgonjwa kushuka ngazi:

"Dada, tafadhali fikiri. Siku ile aliyefungua stoo akatia dawa, alikuwa baba, au alikuwa tata?"

Mlango ulikuwa wazi kidogo, na katika ule upenyo ilionekana kona ya blanketi. Drusilla aliitazama kona ile. Halafu akamtazama Mogire, kwa muda mrefu, mpaka afisa mmoja akakohoa. Mogire hakufanya ishara yoyote. Naapa hakufanya. Alikuwa ameweka mikono juu ya magoti, anamtazama binti yake tu.

"Tata," Drusilla akasema.

Omwenga akarudia swali. Akajibu vile vile. "Tata."

"Amesema baba yake, bwana mkubwa," Omwenga akatafsiri, sauti ndogo. "Yaani baba mzazi. Mwanamume."

Afisa akamgeukia Mogire. "Una la kusema?"

"Binti amesema," Mogire akajibu.

Hawakutoka hata nje kushauriana. Afisa alisema maneno kuhusu uzembe na mali ya wananchi na muda mrefu uliopita, akasema kwamba ameachishwa kazi tangu siku ile aliposimamishwa, kwa hiyo hakuna cha kudai kati yake na serikali. Amri ya jaji imetimizwa. Wakampa Omwenga karatasi apeleke kupigwa chapa, naye akatoka haraka bila kututazama.

Pale pale karibu na meza nilimbana mkono Drusilla, nikamwuliza kwa Ekegusii kwa nini.

"Tata amekwisha kuzoea," akasema. "Baba asingeweza."

Tukatoka. Bitutu alikuwa amesimama wima ukutani, mzigo mkononi, kitambaa cha kichwa amekifunga vizuri. Akamwuliza Drusilla, "Umewaambia?"

"Nimewaambia."

"Wamekubali?"

"Wamekubali."

Dada yangu alipumua, pumzi ndefu ambayo nadhani ilikuwa imekaa kifuani tangu mwaka ule wa dipu. Akatabasamu. Akamwambia Mogire asimwache mtoto mdogo ale ndizi mbichi. Akaanza kutazama huku na huku akitafuta askari watatokea upande gani. Sisi watatu tulisimama mbele yake. Watu walipita na mafaili. Askari mmoja alipita akienda kunywa chai, Bitutu akamnyooshea mikono yote miwili, naye akampungia akidhani anasalimiwa.

Hapo akatutazama, mmoja mmoja. Akaelewa.

Aliudondosha mzigo, akausukuma mlango, akaingia. Nilimfuata mbio, Mogire nyuma yangu. Maafisa walikuwa wanakusanya kalamu zao. Dada yangu hakuwa na Kiswahili, alikuwa na kile cha kununulia chumvi tu, akakitoa chote mbele yao, akijipiga kifua kwa ngumi.

"Baba ni mimi!" akapiga kelele. "Ile baba ya Drusilla ni mimi! Si huyu! Baba ni mimi!"

Nilifungua mdomo nitafsiri. Mogire alinishika mkono juu ya kiwiko, akanibana mpaka mfupa ukauma, na uso wake ulikuwa ukiniomba. Hajawahi kuniomba kitu kingine, kabla wala baadaye.

Afisa mkubwa alimtazama Bitutu. Hakumkasirikia. Alitoka nyuma ya meza, akamwekea mkono begani, akamwongoza mlangoni kwa upole sana.

"Pole, mama," akasema. "Najua ni uchungu. Lakini wewe utakuwaje baba?"